Siku Moja Shambani Vietnam: Mwongozo Kamili wa Kijiji cha Mboga cha Trà Quế

Kilomita tatu hivi kutoka mji mkongwe wa Hội An, katikati mwa Vietnam, kuna kijiji ambacho familia kama 200 zinaishi kwa kulima majani ya kula: nanaa, mrehani, giligilani, saladi, majani ya vitunguu na mengine mengi ambayo kwetu hayana jina. Kinaitwa Trà Quế, na mto Đế Võng unapita kando yake. Mwaka 2024 Shirika la Umoja wa Mataifa la Utalii lilikiingiza katika orodha yake ya vijiji bora vya utalii duniani, kwa hiyo usitarajie kuwa mgeni peke yako. Hata hivyo mimi bado nakipendekeza kuliko vijiji vingine vyote vya namna hiyo, kwa sababu moja. Ukitaka kupima safari ya shambani, jiulize: wageni wasipotokea mwezi mzima, hawa watu wataendelea kulima? Trà Quế wataendelea. Masoko na migahawa ya Hội An inasubiri mboga zao kila alfajiri, uwepo usiwepo.

Mwongozo huu unakuchukua kuanzia kupanga msimu hadi kurudi hotelini jioni ukiwa na udongo kwenye kucha.

Hatua ya 1: Chagua msimu kabla ya kukata tiketi

Mboga za Trà Quế hulimwa mwaka mzima, lakini wengi wanataka kuona na mpunga, na mpunga una kalenda yake. Ukanda huu wa kati huvuna mara mbili kwa mwaka. Mpunga wa kwanza hupandwa Desemba hadi Januari na kuvunwa Aprili hadi mwanzoni mwa Mei. Wa pili hupandwa Mei na Juni, ukavunwa mwishoni mwa Agosti na Septemba. Basi ukipenda majaruba ya kijani kibichi nenda Februari, Machi au Julai. Ukipenda yaliyoiva nenda mwishoni mwa Aprili.

Juni hadi Agosti jua ni kali kweli, na kazi ya shambani baada ya saa 4 asubuhi ni adhabu. Oktoba na Novemba achana nayo kabisa. Ni miezi ya mvua kubwa na vimbunga, mto Thu Bồn hufurika, na maji huingia hadi mitaa ya mji mkongwe. Ziangalie pia siku za Tết, mwaka mpya wao wa kalenda ya mwezi, ambao huangukia kati ya mwishoni mwa Januari na katikati ya Februari. Siku zile watu wako na ndugu zao na shughuli nyingi husimama. Lakini ukiwa bado upo tarehe 7 ya mwezi wa kwanza wa kalenda hiyo, bahati yako: ndiyo siku ya Cầu Bông, wanakijiji wa Trà Quế wanapoomba mwaka wa mavuno mema, kwa ibada na mashindano ya kazi za shambani.

Hatua ya 2: Visa, kadi ya manjano na njia

Mwenye pasipoti ya Tanzania, Kenya, Uganda, Rwanda, Burundi au Kongo anahitaji visa. Tangu tarehe 15 Agosti 2023 Vietnam hutoa visa ya mtandaoni kwa raia wa nchi zote, ya hadi siku 90. Ada ni dola 25 kwa kuingia mara moja na dola 50 kwa kuingia mara nyingi. Omba kupitia tovuti ya serikali yenyewe, ile ambayo anwani yake inaishia na gov.vn. Zipo tovuti nyingi za mawakala zilizopambwa zifanane nayo, na hizo zitakutoza mara mbili au tatu. Andika majina kama yalivyo kwenye pasipoti, na chagua kwa makini uwanja wa ndege utakaoingilia, kwa sababu fomu inauliza hilo. Anza wiki mbili tatu kabla ya safari.

Kadi ya manjano ya chanjo ya homa ya manjano iweke pamoja na pasipoti. Vietnam huidai kwa wanaotoka nchi zenye ugonjwa huo.

Kutoka kwetu wengi hupitia Doha, Dubai au Addis Ababa hadi Hanoi au Ho Chi Minh, kisha ndege ya ndani hadi Đà Nẵng, safari ya saa moja na dakika chache. Hội An ipo kama kilomita 30 kusini ya uwanja wa Đà Nẵng. Teksi au gari la programu ya Grab litakufikisha chini ya saa moja. Lala Hội An usiku wa kuamkia siku ya shamba. Kutoka Đà Nẵng asubuhi hiyohiyo kutakuchelewesha, na saa za mwanzo ndizo zenye kazi.

Hatua ya 3: Weka nafasi, lakini uliza kwanza

Njia ni mbili. Unaweza kwenda mwenyewe kwa baiskeli, ukalipa kiingilio kidogo cha kijiji, ukazunguka na kutazama. Au unaweka nafasi katika programu ya nusu siku au siku nzima yenye kulima, kupika na kula. Kwa mara ya kwanza chukua ya pili, maana bila mkalimani utaishia kutabasamu tu.

Kabla ya kulipa, mwandikie mwandaaji na umuulize haya:

- Tunaanza saa ngapi? Akisema saa 3, tafuta mwingine.
- Anayefundisha ni mkulima wa kijijini au ni mwongozaji wa mjini?
- Kundi lina watu wangapi? Zaidi ya wanane, jembe litakufikia kwa zamu ya kupiga picha.
- Mkulima analipwa kwa kila mgeni au kwa mwezi?
- Wageni humpanda mgongoni nyati wa kufugwa wa shambani? (Nitalirudia hili.)
- Chakula kina nguruwe, na kinaweza kuondolewa?

Swali la malipo lisikutie aibu. Mwandaaji anayewatendea wakulima haki atakujibu mara moja, na mara nyingi atafurahi kuulizwa.

Hatua ya 4: Vaa kikazi

Shati jepesi la mikono mirefu, suruali inayokunjika hadi magotini, ndala au malapa yanayooshwa kwa urahisi. Viatu vya michezo viache hotelini. Chukua nguo ya kubadilisha, taulo dogo, dawa ya mbu, chupa ya maji (ya bomba hayanywewi) na noti ndogondogo za dong. Dola moja ni kama dong 25,000 au 26,000, kwa hiyo sufuri zisikutishe. Kofia utapewa: ile pana ya majani iliyochongoka juu, nón lá. Funga kamba yake chini ya kidevu, la sivyo upepo wa baharini utaibeba.

Akina mama wanaovaa mtandio watakuwa sawa kabisa. Wanawake wa huko hujifunika shambani kuanzia kichwa hadi vidole vya mikono kwa ajili ya jua, na nón lá hukaa vizuri juu ya mtandio.

Hatua ya 5: Toka saa 12 asubuhi

Baiskeli hukodishwa karibu kila hoteli ya Hội An, na nyingi huzitoa bure. Jaribu breki na kengele. Fuata barabara ya Hai Bà Trưng kuelekea ufukwe wa An Bàng. Kijiji kipo kabla hujafika baharini. Nchi ni tambarare tupu, hata asiyeendesha tangu utotoni atafika. Endesha upande wa kulia, jambo ambalo sisi wa Tanzania na Kenya husahau kwenye makutano, na usishtuke pikipiki zikipiga honi nyuma yako. Honi huko ina maana ya "nipo, napita".

Njiani utakutana na akina mama wakirudi sokoni. Wao walianza saa 9 au 10 usiku.

Hatua ya 6: Tuta, mwani wa mtoni na keni mbili

Hapa ndipo siku ilipo, kwa hiyo usiharakishe.

Udongo wa Trà Quế ni mchanga mchanga, mwepesi, na kwa macho ya mkulima wa kwetu unaonekana kama hautaotesha kitu. Siri yake ni rong, majani ya majini yanayovunwa kutoka mtoni na kwenye wangwa wa karibu, yaliyofanana na mwani. Kwa vizazi wanakijiji wameyatumia kama mbolea, na wao wenyewe watakuambia kuwa harufu ya mboga zao inatoka hapo. Wazanzibari wanaolima mwani na kuuza nje ya nchi watavutiwa kuona majani ya majini yakifukiwa ardhini.

Kazi huenda hivi. Kwanza unalainisha tuta kwa jembe. Jembe lao lina mpini mrefu na bapa jembamba, na linavutwa zaidi kuliko kupigwa. Ukilinyanyua juu ya kichwa kama unavunja bonde la mahindi, mwenye shamba atacheka, kisha atakushika mikono akuonyeshe. Mchanga hauhitaji nguvu. Halafu unachimba mfereji mfupi katikati ya tuta, unatandaza rong iliyolowa, unaifukia na kusawazisha kwa reki mpaka uso wa tuta uwe kama meza. Usawa huo una sababu: tuta likiwa na mabonde, maji yatatuama upande mmoja na mbegu ndogo kama za mrehani zitasombwa.

Kupandikiza ni kazi ya vidole. Miche ya saladi ni midogo kuliko kidole gumba. Toboa kwa kidole cha shahada, ingiza mizizi bila kuikunja, bana udongo pande mbili kwa wepesi, nenda mwingine. Acha nafasi ya kiganja kati ya mche na mche. Mzee wa kijijini hupanda mstari mzima wakati wewe uko wa tano, tena hainuki kunyoosha mgongo. Mtazame magoti: anachuchumaa kabisa, visigino chini. Wewe ukiinama kwa kiuno, mgongo utakudai jioni.

Kisha inakuja mizega. Kila mkulima ana keni mbili za kumwagilia zinazoning'inia kwenye ncha mbili za mti unaokaa begani, na kila keni ina mdomo mpana wenye matundu. Anashuka kwenye kisima au tangi, anakunja magoti, anazichovya zote mbili kwa mpigo, anainuka, anatembea kati ya matuta mawili na kuyamwagilia yote mawili kwa wakati mmoja. Ukiona unadhani ni rahisi. Ukibeba unagundua mambo matatu. Kwanza, usizijaze, nusu inatosha kwa anayeanza. Pili, mti ukae kwenye nyama ya bega, usiguse mfupa wa shingo. Tatu, usizilaze keni ukiwa umesimama. Anza kutembea kwanza, kisha zilaze pamoja taratibu, kwa sababu ukisimama maji yanamwagika mahali pamoja na kuchimba shimo kwenye tuta ulilosawazisha kwa shida. Keni moja ikitangulia kwisha, nyingine itakuvuta upande. Ipandishe kidogo iliyo nyepesi, iache iliyo nzito imwage zaidi.

Siku za jua kali matuta humwagiliwa asubuhi na jioni, na si mara moja kila zamu. Ukipita na mizega hiyo matuta machache tu, bei ya fungu la nanaa sokoni utaiona kwa macho mengine.

Mwombe mwenyeji akuonjeshe majani moja moja kabla hamjaondoka shambani. Mrehani wao una harufu ya mdalasini kidogo. Tía tô ni jani la zambarau upande mmoja. Rau răm ni chungu na kali, na huliwa zaidi na kuku au mayai. Mtu akishayajua hapa, mezani atajua anachokula.

Hatua ya 7: Majaruba, ndoo ya kamba na nyati

Programu nyingi huongeza saa moja ya mpunga katika vijiji vya jirani. Niseme ukweli: kuchomeka miche kwa mkono na kulima kwa nyati, unavyoonyeshwa, sehemu kubwa ni kumbukumbu ya zamani. Siku hizi wakulima wengi wa eneo hilo humwaga mbegu moja kwa moja na huvuna kwa mashine. Ukilijua hilo utaifurahia bila kudanganyika.

Kinachofaa kujaribiwa ni gàu dai, ndoo ya kuhamisha maji kutoka mfereji hadi jaruba. Watu wawili husimama kukabiliana, kila mmoja ameshika kamba mbili, wanaibwaga ndoo majini, wanaivuta pamoja na kuimwaga juu ya tuta. Mmoja akiwahi, ndoo hupinduka. Nenda na mwenzako unayeelewana naye.

Baada ya hapo ni kupura, kutwanga na kupepeta, na hapo mgeni wa Afrika Mashariki anageuka mwalimu. Kinu, mchi na ungo ni vilevile. Kama umelelewa na bibi aliyetwanga, chukua ungo upepete. Wenyeji hupenda sana kuona mkono unaojua.

Kuhusu nyati: mguse, mlishe, tembea naye, shika plau nyuma yake kama mwenyewe yupo. Kumpanda mgongoni kwa ajili ya picha, kundi baada ya kundi juani, mimi sikushauri. Ukikataa kwa tabasamu hakuna atakayeona vibaya.

Hatua ya 8: Jikoni

Kabla ya kupika, kwingi utakaribishwa kuloweka miguu katika maji ya moto yenye mchaichai, tangawizi na majani ya shambani, huku ukinywa kinywaji cha mbegu za mrehani zilizovimba. Kubali, mabega yako yanahitaji.

Vyakula viwili karibu havikosekani. Tam hữu ni kamba, kipande cha nguruwe na majani vilivyofungwa pamoja kwa jani la kitunguu lililochovywa katika maji ya moto. Bánh xèo ni chapati nyembamba ya unga wa mchele na manjano. Uji wake uwe mwepesi, kipimo kimoja cha unga kwa viwili hivi vya maji, upumzike nusu saa. Kikaango kiwe na moto mkali na mafuta ya kutosha: ukimimina uji lazima ulie "shaa". Usipolia, chapati itanata. Weka kamba na chipukizi za choroko, funika kidogo, kisha ikunje kingo zikikauka na kujiachia zenyewe. Huliwa kwa kufungwa ndani ya karatasi ya mchele pamoja na fungu la majani, ukachovya.

Sasa, kwa Waislamu na wengine wasiokula nguruwe, someni hapa vizuri. Kuondoa vipande vya nyama hakutoshi. Mchuzi mzito wa kuchovyea wa eneo hili mara nyingi hutengenezwa kwa karanga na ini la nguruwe, na mafuta ya kukaangia pengine ni ya nguruwe. Siku ya kuweka nafasi waandikie "không thịt heo", yaani bila nyama ya nguruwe. Omba pia mafuta ya mimea, kikaango safi, na mchuzi wa nước mắm (wa samaki waliochachushwa) wenye ndimu, kitunguu saumu na pilipili. Njia ya salama zaidi ni kuomba chakula "chay", kile cha Wabudha kisicho na nyama wala samaki. Kila mpishi anakijua, kwa sababu wengi hukila siku ya 1 na ya 15 ya mwezi wao. Ukikaribishwa gongo la mchele, weka mkono kifuani, tikisa kichwa kwa heshima, inua glasi ya chai badala yake.

Hatua ya 9: Adabu

Anayetoka katika nyumba za shikamoo hatapata tabu. Utaulizwa umri mapema, kwa sababu bila kuujua hawajui wakuite kaka, mdogo wangu au shangazi, jibu tu. Vua viatu mlangoni. Pokea na toa kwa mikono miwili. Mezani subiri wakubwa waanze, na vijiti usivichomeke wima kwenye bakuli la wali, maana vinafanana na udi wa kuwaombea wafu. Watoto na wazee wanaweza kutaka kugusa nywele au kupiga picha nawe, hasa vijijini. Kama hutaki, sema hapana kwa upole. Kama unataka, nawe omba picha yao kabla ya kupiga. Neno la kubeba ni "cảm ơn", asante, litamke "kam ən" (ə ni sauti iliyo kati ya a na e) kwa haraka na watakuelewa.

Hatua ya 10: Malipo na mizigo

Ukitaka kutoa bahashishi, mpe mkulima mwenyewe mkononi, tofauti na ya mwongozaji. Ukinunua mboga, zipeleke hotelini wakupikie jioni hiyo. Mbegu na miche usirudi nayo nyumbani bila kibali: Tanzania kuna TPHPA, Kenya kuna KEPHIS, mamlaka zinazosimamia afya ya mimea, na kinachopita uwanjani kimyakimya kinaweza kuleta ugonjwa kwenye mashamba yetu. Chukua pilipili manga ya kusagwa, kahawa iliyokaangwa, au kofia.

Kama safari yako haifiki Hội An

Walio Hanoi waende Đường Lâm, kijiji cha kale chenye nyumba za matofali mekundu ya mfinyanzi mgumu, kama kilomita 50 magharibi; siku moja inatosha. Mai Châu, bonde la Wathai wa Vietnam wenye nyumba za nguzo, ni zuri zaidi, lakini ni kilomita 140 hivi za barabara ya milimani, kwa hiyo lala huko usiku mmoja. Walio Ho Chi Minh hupelekwa Mỹ Tho, mwendo wa kilomita 70 hadi delta ya Mekong. Ziara za siku moja huko nyingi ni kupanda mtumbwi, kuonja asali, kusikiliza nyimbo na kununua peremende za nazi, basi. Lipa kidogo zaidi ulale kwa familia yenye bustani upande wa Bến Tre au Cái Bè, na uwaambie tangu jioni kwamba kesho unataka kuamshwa nao.